Jaji Haandiki Barua za Ajira za TSC

Wiki iliyopita mwalimu mwingine anayetaka kuajiriwa na Tume ya Huduma za Walimu ya Kenya (TSC) aliniwekea mezani bahasha ya kaki, akaketi, akasema: "Wakili, nimefunza miaka 6 na nambari ya usajili ya TSC ninayo. Nataka tuishtaki Tume initambue." Ndani mlikuwa na barua moja ya bodi ya usimamizi, yenye muhuri uliofifia hata tarehe haisomeki, na sentensi iliyobeba matumaini yake yote: kwamba shule itahakikisha TSC inamchukua. Nimekutana na sentensi hiyo mara nyingi kiasi kwamba siku hizi huitafuta kabla ya kusoma jina la aliyeandikiwa.

Suala la nambari halihitaji maneno mengi. Kifungu cha 237 cha Katiba kinataja kusajili walimu na kuwaajiri kama kazi mbili mbalimbali za Tume, na ya kwanza haizai ya pili.

Kinachonichosha ni barua. Kwa miaka mingi bodi za shule za sekondari zimewahoji waombaji wa nafasi za TSC kwa niaba ya Tume, na bodi hizo hizo huwaajiri walimu wa BOM, yaani wa bodi yenyewe, kwa fedha za shule. Meza ni ile ile na muhuri ni ule ule, kwa hiyo si ajabu mwalimu akidhani mwajiri ni mmoja. Sheria haidhani hivyo. Mawakili wenzangu hupenda kukimbilia hoja ya matarajio halali, yaani kwamba aliyeahidiwa na chombo cha umma anaweza kudai ahadi iheshimiwe, lakini Mahakama ya Juu ilieleza mwaka 2014, katika kesi ya Tume ya Mawasiliano na Royal Media, kwamba ahadi inayozaa matarajio hayo sharti iwe wazi, itolewe na mwenye mamlaka ya kuitoa, na isipingane na sheria. Mwalimu mkuu hana mamlaka hayo, hata akiandika kwa wino wa dhahabu.

Halafu kuna mandamasi, agizo la mahakama ambalo wateja hulitamka kama dawa. Katika kesi ya Baraza la Mitihani ya mwaka 1997, Mahakama ya Rufani ilisema agizo hilo humlazimisha mwenye wajibu kuutimiza, lakini halimwamuru autimize vipi pale sheria ilipomwachia hiari. Kwa kawaida, basi, ukishinda, uamuzi uliopingwa hufutwa na faili hurudi kwa Tume ile ile ifikirie upya, nawe unarudi kwenye foleni ukiwa umekwisha kunilipa. Hata uamuzi wa Aprili 2024, uliosema TSC haina mamlaka ya kuajiri walimu tarajali, haukuwa barua ya ajira ya mtu yeyote.

Kesi yenye miguu ni ya mwalimu aliyehojiwa kwa nafasi iliyotangazwa, akaongoza kwa alama, kisha jina la mwingine likapelekwa. Huyo namwomba nakala ya orodha ya alama na ya malalamiko aliyoyawasilisha, kwa kuwa mahakama hutaka njia za ndani zimalizwe kwanza.

Nina shaka moja ambayo sijaweza kuitua. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 inaipa bodi mamlaka ya kuajiri wafanyakazi wasio walimu. Nikiisisitiza mno mbele ya jaji, naubomoa mkataba wa mteja wangu mwenyewe, kwa kuwa yeye ni mwalimu. Nikiinyamazia, upande wa pili huenda ukaiibua. Mimi huishia kuidai bodi mshahara kwa msingi kwamba kazi ilifanywa, nikijua kuwa jibu hilo lina tundu.

Nilipoigeuza barua ya yule mwalimu nikakuta hesabu iliyoandikwa kwa penseli: miezi 7 ambayo bodi haikumlipa. Hakuwa ameitaja hata mara moja. Miezi 4 kati ya hiyo ilikuwa imekwisha kupita miaka 3 ambayo Sheria ya Ajira inampa mtu kwenda mahakamani.