Kubadilisha diski si kubadilishana diski

Juzi kwenye matatu ya Umoja, kijana aliyeketi nyuma yangu alikuwa akimweleza mwenzake kwamba zamani "watu walikuwa wanabadilishana diski ndio gemu iendelee." Nimelisikia hilo mara nyingi mno. Siku hiyo nilishuka kimya.

Kubadilisha diski ni hivi: gemu ya PlayStation, ile mashine ya kuchezea gemu kwenye TV, haikuenea kwenye CD moja, ambayo hubeba megabaiti 650 hadi 700 hivi, kwa hiyo ikauzwa ikiwa CD mbili, tatu au nne. Ukifika mahali fulani unaambiwa utoe hii, uweke ile, na mchezo unaendelea. Basi.

Tatizo ni hiyo -ana. Badili tumeitoa kwa Waarabu, na ni ndugu yake badala: kimoja kinatoka, kingine kinakaa mahali pake. Ukisema badilisha, mtu mmoja na mashine yake wanatosha. Ukiongeza -ana, lazima wawepo wawili, kila mmoja atoe chake apokee cha mwenzake. Tulibadilishana pia, kila likizo, tena kwa ugomvi, lakini hayo yalikuwa ya mlangoni. PlayStation yenyewe ingeweza kuwa imezimwa.

Wala si kila gemu ya CD mbili ilikuwa ya kubadilisha. Gran Turismo 2 ya 1999, gemu ya mbio za magari, ilikuwa nazo mbili, ila ulichagua moja kabla ya kuanza. Final Fantasy VII ya 1997 ndiyo hasa: CD tatu, na sehemu kubwa ya vilivyomo imerudiwa kwenye zote, kinachotofautiana zaidi ni zile filamu fupi za katikati ya mchezo. Ya kwanza inaisha Aerith, mmoja wa wahusika wakuu, akiwa ndiyo kwanza amekufa. Umekaa pale koo limekaba, na skrini inadai diski ya pili. Unabonyeza kitufe cha duara, kifuniko kinainuka, CD inamalizia kuzunguka, nawe unapangusa nyingine kwa fulana, kutoka katikati kwenda nje.

Mimi msiba huo ulinikalia miezi miwili. Aliyeniuzia pale mjini alikuwa ameweka ya kwanza mara mbili kwenye kasha. Ya pili niliipata kwa mtoto wa jirani, kwa CD yangu ya mpira. Kwa hiyo, ndugu yangu wa matatu: tulibadilishana mlangoni, kisha nikaingia ndani nikabadilisha.