Je, wajua kwa nini mwimbaji wa opera kwenye filamu hatokwi na mishipa ya shingo?

Juzi tuko Wandegeya hapa Kampala tunasubiri rolex, ile chapati ya kuviringishwa na mayai, jamaa yangu akanionyesha kwenye simu kipande cha filamu ya opera, yaani mchezo wa kuigiza unaoimbwa, Carmen ya mwaka 1984, mwimbaji Plácido Domingo amelowa mapenzi kabisa na sauti inapasua anga, akaniuliza mbona huyu mshipa wa shingo hata haumtoki? Kusema kweli hapo aliona mbali.

Ni pleibaki bwana. Kama wale wa karioki kwenye baa zetu hapa wanaojifanya kuimba nyimbo za watu, Domingo anachezesha mdomo tu, ila yeye anafuata sauti yake mwenyewe aliyoirekodi studio kabla.

Opera ilizaliwa kwenye kumbi zisizo na maiki, mtu mmoja anatakiwa asikike juu ya okestra nzima kwa kifua chake tu, ndo maana wanafundishwa kukusanya nguvu ya sauti kwenye hezi kama 3000 hivi, yaani mitetemo 3000 kwa sekunde, maana hapo sikio letu ni kali sana na vyombo vya okestra vimeshaanza kupoa. Sasa hiyo kazi uso ndo unailipia. Mdomo unaachama kama kinda la ndege linasubiri mdudu, taya linatetemeka, jasho linashuka puani. Ukiwa umekaa kiti cha nyuma huoni kitu, lakini kamera ikisogea mpaka unahesabu magego ya mtu, mapenzi gani tena hapo?

Halafu sini moja inarudiwa weee, na hakuna koo la kupiga noti za juu toka asubuhi mpaka jioni. Carmen yenyewe waliipiga nje huko Andalusia, Hispania, na upepo haujui kunyamaza.

Ila pleibaki nayo ina mtego wake, ukichezesha mdomo bila kuvuta pumzi kifua kinakaa tu kama gunia la posho, mtazamaji anastuka. Inabidi uvute pumzi kweli, uimbe hata kwa chini chini.

Wengine walitenganisha kabisa sura na sauti. Filamu ya opera Aida ya 1953 unamuona mwigizaji Sophia Loren, anayeimba ni Renata Tebaldi, mwimbaji wa opera. Mi ningekuwa Tebaldi ningenuna mwaka mzima.

Na wapo waliojilipua. Mwaka 1992 opera nyingine, Tosca, iliimbwa laivu kwenye TV palepale Roma hadithi inapotokea, na kwa saa zilezile, kitendo cha mwisho kikapigwa alfajiri kwenye ngome ya Castel Sant'Angelo. Domingo alikuwepo tena, na Catherine Malfitano ndo Tosca. Okestra ilikuwa studio sehemu nyingine, wao wanaisikia kwa spika tu na hakuna kurudia.

Jamaa akatafuna rolex yake, akasema, sasa akipaliwa?

Nikamwambia anapaliwa laivu.