Sitikomu ya familia ni nini? Tuitazame Gokuldham

Sitikomu ni mfululizo wa vichekesho wenye wahusika walewale na makazi yaleyale. Kinachobadilika ni mkasa. Ikiwa ya familia, babu na mjukuu wanaitazama pamoja bila mmoja wao kuinamisha macho kwa aibu.

Mfano mzuri ni Taarak Mehta Ka Ooltah Chashmah ya India. Ilianza kurushwa na SAB TV tarehe 28 Julai 2008, na kufikia 2024 ilikuwa imevuka sehemu 4,000. Chimbuko lake ni safu ya mwandishi Taarak Mehta katika jarida la Kigujarati la Chitralekha.

Nguvu yake imo katika ujirani. Gokuldham ni makazi ya ghorofa huko Goregaon, Mumbai, yanayozunguka uwanja mmoja. Jethalal ni Mgujarati mwenye duka la vifaa vya umeme, Bhide ni Mmarathi na katibu wa jumuiya, Sodhi ni Singasinga aliyeoa Mparsi, Iyer ni Mtamili mwenye mke Mbengali, na Abdul ni Mwislamu muuza soda. Mpira wa Tapu, mwana wa Jethalal, ukivunja kioo cha Bhide, mtazamaji anacheka hata kabla hawajafungua midomo: Bhide atahubiri juu ya malezi ya zamani, Jethalal atapandisha sauti, kisha baba yake, Champaklal, atatokea. Hapo tajiri wa dukani anageuka mtoto. Anafokewa mbele za watu na hathubutu kujibu. Nyumba nyingi zenye wazee zinaijua hali hiyo, ndiyo maana kichekesho hiki hakichuji.

Mikasa huisha kwa suluhu, kwa hiyo mgeni anaweza kuingia popote. Holi, Diwali na Idi husherehekewa na wote.

Tatizo huja mkasa mmoja unapovutwa kwa majuma, au nguzo inapoondoka. Disha Vakani, aliyeigiza Daya, mke wa Jethalal, aliacha kuonekana mwaka 2017. Hadithi ikasema yuko kwao Ahmedabad, na ahadi za kurudi zikawa nyingi hadi zikachosha. Tapu amebadilishiwa mwigizaji mara mbili bila pengo kubwa hivyo, kwa sababu mtoto hukua. Lakini hasira za Jethalal zilinoga zilipokutana na usafi wa moyo wa Daya. Anayeanza leo aanze na miaka ya mwanzo, Daya akiwapo.