Wewe unatafuta muvi, wao wanatafuta SMS zako

Masika huku Moshi mvua ikianza asubuhi haikati mpaka jioni, mtu unajifungia ndani unataka muvi ndefu za wafalme, mapanga na majoka. Mimi nafundisha usalama wa mitandao chuoni, na msimu huu ndo naletewa simu. Juzi kaja dogo wa Pasua, "ticha, WhatsApp yangu imenitoa yenyewe na kuna mtu anaomba hela kwa jina langu", namuuliza ulikuwa unafanya nini jana yake, anasema alikuwa anacheki The Return of the King bure kwenye saiti fulani.

Ile muvi ya 2003, iliyobeba Oscar 11, ina saa 3 na dakika 21. Na urefu ndo unaowamaliza watu, kwasababu kwenye saiti za wizi juu ya video wameweka tangazo lisiloonekana, kila ukigusa kusimamisha au kurudisha nyuma unafunguliwa ukurasa mwingine, sasa kwa klipu ya dakika kumi unaweza ukapona ila masaa matatu, umechoka, nusu usingizi, kuna mahali utabonyeza tu.

Dogo alibonyeza palipoandikwa pleya yake imepitwa na wakati apakue mpya. Jamani, simu inacheza video bila kuongezewa kitu, saiti ikikwambia uweke faili la APK, yaani faili la kusakinisha aplikesheni, ili uone muvi hapo hakuna muvi. Ile aplikesheni ikamuomba ruhusa ya kusoma SMS na ruhusa ya Ufikivu (Accessibility), akakubali zote maana alitaka kuona vita. Ufikivu ulitengenezwa kusaidia watu kama wasioona, yaani aplikesheni inasoma kilichopo kwenye skrini na kubonyeza kwa niaba yako, sasa ukimpa mwizi anaona unachoandika, pamoja na nywila. Na SMS ndo mlango wenyewe: anaingiza namba yako WhatsApp kwenye simu yake, kodi, yaani zile namba za uthibitisho, inakuja kwako kwa SMS, aplikesheni inaisoma na kumtumia, kazi imeisha. Mama yake mdogo yuko Machame kashatuma elfu 40. Sisi tuliozoea kucheka zile meseji za "ile hela tuma kwenye namba hii", ikitoka kwa mtoto wako na picha yake juu huwezi kucheka.

Wa kompyuta nao waangalie ukubwa wa faili. Muvi ndefu vile mara nyingi inafika GB 1 au inapita, kwahiyo faili la MB 8 lenye jina la muvi ni kitu kingine, na Windows huwa inaficha mwisho wa jina, unaona .mp4 kumbe nyuma kuna .exe. Hata flashi uliyojaziwa muvi mtaani ikague hivyohivyo. Saiti nyingine zinaonyesha dakika chache za mwanzo alafu zinaomba namba za kadi ya benki eti kuhakiki umri. Bure gani inaomba kadi?

Kuhusu sheria, hakimiliki ina sheria yake ya 1999, na ndo hiyohiyo inayomlinda wa Bongo muvi, sio Wamarekani tu. Mkichanga hela mkalipia huduma halali mkaangalia wote kwenye tv moja, mtu mmoja hatoi hela nyingi kihivyo.

Kama umeshaingia mkenge, zima data kwanza. Toa ruhusa ya Ufikivu ndo ufute aplikesheni, ukianza na kufuta, aplikesheni nyingine zinakugomea, hapo washa simu kwa hali salama (Safe Mode), ambapo aplikesheni ulizopakua hazifanyi kazi. Badilisha nywila ukitumia simu nyingine, pigia ndugu kwa sauti, namba iliyopokea hela iripoti kwenda 15040, namba ya kuripoti matapeli. Alafu sajili WhatsApp upya kwa namba yako, ukiingiza kodi mwizi anatoka palepale. Kama kaweka pini yake ya tarakimu 6 utasubiri siku 7 kuingia, ila na yeye anakuwa nje. Dogo leo yuko siku ya nne.