Je, wajua klabu ya soka inaweza kulipa bei ya kununuliwa kwake?

Ikitangazwa kwamba tajiri fulani kainunua klabu kwa mamia ya mamilioni, mashabiki huanza kupanga kikosi papo hapo. Beki wa kushoto mpya, mshambuliaji wa maana, jukwaa liongezwe. Mei 2005, Mmarekani Malcolm Glazer alipoichukua Manchester United kwa dau lililoithamini klabu takriban pauni milioni 790, nami nilipiga hesabu hiyohiyo: milioni 790 zimeingia Old Trafford. Nikabaki nashangaa mashabiki wanaandamana kwa lipi, watu wamemwagiwa fedha!

Nilikosea mara mbili, na kosa la kwanza bado nalisikia kila dirisha la usajili.

Bei ya klabu haiingii klabuni. Ukinunua nyumba, fedha anachukua muuzaji. Nyumba yenyewe haipati hata kopo la rangi. Hisa za United zilikuwa zikiuzwa katika soko la hisa la London tangu 1991, kwa hiyo waliolipwa ni wenye hisa. Fungu nono lilikuwa la wafanyabiashara wawili wa Ireland, John Magnier na J.P. McManus, waliokuwa na asilimia 28.7. (Magnier na kocha Alex Ferguson walikuwa wametoka kugombania haki za farasi wa mbio aitwaye Rock of Gibraltar. Hadithi za umiliki wa mpira zina tabia ya kupitia zizini.) Wenye hisa walipolipwa, wakaondoka. Akaunti ya klabu haikuongezeka senti kwa mauzo hayo. Tajiri akitaka kusajili, hiyo ni hatua nyingine kabisa, na hakuna anayemlazimisha aichukue.

Kosa la pili lilikuwa kudhani fedha yote ilitoka mfukoni mwa Glazer. Zaidi ya pauni milioni 500 zilikuwa mikopo, na hapa ndipo pana maajabu.

Chukua basi la abiria linalopata wateja kila siku na halidaiwi na mtu. Mwenyewe anataka 100, mimi nina 35. Naenda kwa mkopeshaji. Ananiuliza dhamana, namwonyesha basi, ambalo bado si langu. Ananiuliza marejesho yatatoka wapi, namwambia kwenye nauli. Anakubali, kwa sababu nauli haina longolongo: abiria wapo jana, leo na kesho. Nalipa 100, nachukua funguo, kisha deni linahamishiwa kwa kampuni ya basi. Mimi binafsi sidaiwi. Tairi zikiisha, dereva anaambiwa asubiri kwanza, marejesho ya mwezi huu hayajatimia. Miaka ikipita deni linapungua, bei ya basi imepanda, na basi ni langu. Abiria ndio walionunua, kiti kimoja baada ya kingine.

Sasa badala ya nauli weka tiketi za msimu zinazolipwa kabla mpira haujapigwa, mikataba ya televisheni na wadhamini wa jezi. Wakopeshaji hupenda mapato ya namna hiyo. Klabu ambayo haikuwa na deni ikajikuta imewekwa rehani ili ipate mwenyewe mpya.

Sehemu ya mikopo ile ilikuwa kali zaidi: riba yake hailipwi, inarundikwa juu ya deni, nayo inazaa riba. Mwaka 2010 kiwango chake kilifika asilimia 16.25. Kwa kasi hiyo deni la 100 huwa 116 mwaka wa kwanza, 135 wa pili, na mwaka wa tano limepita 212 bila mtu kukopa tena. Mzigo huo ulilipwa mwishoni mwa 2010.

Je, deni liliidhoofisha timu uwanjani? Hapo niende taratibu. Chini ya familia ya Glazer, United ilitwaa ubingwa wa England mwaka 2007, 2008, 2009, 2011 na 2013, na Ulaya mwaka 2008. Ukame uliofuata ulianza Ferguson alipostaafu, hivyo kutenganisha athari ya riba na athari ya kumkosa kocha yule si kazi rahisi. Kinachoonekana wazi ni kwamba riba ililipwa kwa fedha ambayo ingeweza kufanya kazi nyingine.

Wala neno “deni” peke yake halitoshi kumhukumu tajiri. Chelsea nayo ilidaiwa takriban pauni bilioni 1.5, ila aliyeikopesha ni mmiliki wake, Roman Abramovich, ambaye Machi 2022 alitangaza kuwa hatadai alipwe. Kwake deni liliingiza fedha klabuni. Kule Manchester liliingia deni tupu.

Februari 2024 tajiri Mwingereza Jim Ratcliffe alipokamilisha ununuzi wa zaidi ya robo ya United kwa dola zaidi ya bilioni 1, sikupanga kikosi. Nilitafuta mstari mmoja tu katika habari ile, nikaupata: dola milioni 300 ndizo zilizotengwa kwa ajili ya klabu yenyewe, na si zote kwa mkupuo. Nyingine zote zilikwenda kwa wenye hisa.