"Jamhuri ya Makaburu" ni ipi hasa?

Kila anayetaka kuutaja utawala wa ubaguzi wa rangi Afrika Kusini siku hizi anaandika "jamhuri ya Makaburu", na haikosi kuongezwa kwamba ndiyo iliyomfunga Mandela. Siyo hiyo. Jamhuri za Makaburu ni nchi ambazo walowezi wa asili ya Kiholanzi walijiundia katika karne ya 19, wengi wao wakiukimbia utawala wa Mwingereza kule Rasi, yaani koloni la Cape kusini kabisa mwa Afrika. Za mwisho zilizimwa mwaka 1902. Chama kilichoufanya ubaguzi kuwa sera rasmi ya dola kiliingia madarakani mwaka 1948, na Afrika Kusini ikatangazwa jamhuri mwaka 1961.

Hilo ni dogo. Linaloniudhi zaidi ni kwamba hata wanaojua tofauti hiyo huzitaja mbili tu, Transvaal na Dola Huru ya Orange, kisha wanazizungumzia zote kana kwamba ni taifa lililokaa likajitafutia uhuru. Itazame Stellaland, jamhuri ndogo ya Makaburu magharibi mwa Transvaal, iliyodumu miaka mitatu tu.

Ilianza na ugomvi wa machifu wawili: Mankurwane wa Batlhaping, ambao ni Watswana, na Massouw wa Wakorana, ambao ni jamii ya Khoikhoi. Makaburu wakaenda kumpigania Massouw wakijiita "wanaojitolea". Kujitolea gani? Malipo yao yalikuwa ardhi. Vita vilipoisha mwaka 1882 wakagawiwa mashamba 416, kila moja karibu hekta 2,500, yaliyomegwa kwenye nchi ya Mankurwane. Kwa Kiswahili hao ni mamluki, na jamhuri yao ilikuwa hati ya kulinda mgawo. Wakajenga mji wakauita Vryburg, wakamfanya Gerrit van Niekerk kuwa rais, wakachapa hata stempu za posta. Wenzao walioanzisha jamhuri nyingine, Goshen, upande wa kaskazini walifuata njia hiyo hiyo.

Mwingereza naye asidhaniwe aliingilia kwa kumwonea huruma Mankurwane. Njia ya wafanyabiashara na wamisionari kwenda kaskazini ilipita hapo hapo, na mwaka 1884 Mjerumani alikuwa ametua pwani ya magharibi. London ikaogopa Mjerumani na Transvaal wasije wakakutana katikati. Jenerali Charles Warren akatumwa na askari wapatao 4,000, wakiwa na maputo ya kupelelezea kutoka angani, na jamhuri ikafutwa mwaka 1885 bila vita. Mankurwane hakurudishiwa nchi yake. Eneo likawa koloni la Bechuanaland ya Kiingereza, na miaka kumi baadaye likaunganishwa na Rasi.

Massouw, aliyewaita Makaburu hao, aliuawa na jeshi la Transvaal huko Mamusa mwezi Desemba mwaka huo huo wa 1885. Mji uliojengwa hapo unaitwa Schweizer-Reneke, kwa majina ya wapiganaji wawili wa jeshi hilo waliokufa wakimshambulia.

Basi, ndugu, ukimaanisha serikali ya kina Verwoerd na Botha, andika "serikali ya ubaguzi wa rangi", au hata "utawala wa Makaburu" kama redio zetu zilivyozoea kusema, tutaelewana. Ukiandika "jamhuri ya Makaburu", taja na jina lake, maana zilikuwa nyingi.