Shule yenye walimu 1,200 na wanafunzi 40

Wiki hii tena. Mzazi mwenye nia njema kabisa kakaa na binti yake mezani, kamwambia: "w ni wanafunzi, m ni mwalimu, andika kama unavyosoma." Binti kaja twisheni na daftari lililojaa wino mwekundu, na lawama nikaangushiwa mimi, eti nazungusha mambo mepesi.

Fumbo lenyewe: idadi ya wanafunzi wa shule ni mara 30 ya idadi ya walimu. Jumla yao ni 1,240. Tafuta idadi ya kila kundi.

Binti aliandika 30w = m, kisha w + m = 1,240. Baada ya hapo hana kosa hata moja. Kaweka 30w mahali pa m, kapata 31w = 1,240, w = 40, m = 1,200. Jibu kalipigia mistari miwili kwa rula. Yaani kila mtoto ana walimu 30 wa kumfuata hadi msalani, na hakuna aliyeshtuka, si mtoto wala mzazi.

Kukokotoa milinganyo miwili si kazi. Ondoa herufi moja, au ingiza mlinganyo mmoja ndani ya mwingine, chagua unayoipenda, sitapoteza muda hapo. Mchezo unaharibika kwenye mstari wa kwanza kabisa.

w si wanafunzi. Narudia: w si wanafunzi! Ni namba, idadi yao. Ukiisoma hivyo, 30w maana yake unachukua kundi ambalo tayari ni kubwa na kulizidisha mara 30. Ili lifanane na nini? Linalozidishwa ni dogo, hadi lilifikie kubwa: w = 30m. Hapo 31m = 1,240, walimu 40, wanafunzi 1,200. Shule ya kawaida, hata madawati huenda yakatosha.

Halafu hii tabia ya kuchukua herufi ya kwanza ya jina. Kwa Kiswahili haifiki mbali: wanafunzi, walimu, wapishi, walinzi, wote w. Maembe, machungwa, mayai, yote m. Ndiyo maana mzazi alikimbilia "mwalimu", umoja, ili apate m. Na umoja ndio uliommaliza binti, kwa sababu 30w = m sasa inasomeka "wanafunzi 30 kwa mwalimu 1". Kama sentensi ni sahihi. Kama mlinganyo ni uongo.

Na msiniambie hili ni la watoto wa shule za kata. Huko Marekani, miaka ya 1980 mwanzoni, wanafunzi 150 wa mwaka wa kwanza wa uhandisi waliulizwa jambo hilihili: wanafunzi ni mara 6 ya maprofesa, andika mlinganyo. Asilimia 37 walikosea, na wengi wao waligeuza vilevile.

Sasa aibu yangu. Miaka ya mwanzo nilikuwa nafundisha kujumlisha 3a + 2a kwa maembe: maembe 3 na maembe 2 ni maembe 5. Darasa zima linaelewa, unatoka umevimba kichwa. Siku hizi nashuku kwamba mbegu ya 30w = m niliipanda mwenyewe siku hiyo, kwa kuifanya a iwe embe badala ya namba, na bado sijapata njia nyingine inayoingia kichwani haraka kama ile.

Tena hata anayekariri "herufi ni namba" bila kukosea bado anageuza. Nilimuuliza mmoja kwa nini. Akanitazama kama mtu anayeulizwa jua linachomoza wapi: "Si wanafunzi ndio wengi, mwalimu? Ndiyo maana nimewapa 30."

Sikuwa na hoja ya kumjibu. Nilimwambia tu aweke walimu 2 na wanafunzi 60 kwenye mlinganyo wake. Akaandika 30 × 60 = 2, akaitazama, akaomba ufutio.